Somo: Risasi ya kwanza, haraka na penye shabaha

Watu wengi wakifika uwanjani hupiga risasi mfululizo, kisha wanasifia matundu yaliyobanana kwenye karatasi. Hapo mwili umeshazoea na mtutu umeshapata moto. Risasi ya kwanza haikupi nafasi hiyo. Mchezaji wa baiathloni, mbio za kuteleza thelujini zenye vituo vya kulenga shabaha kwa bunduki, hufika akihema kwa kuteleza thelujini, akakuta shabaha tano umbali wa mita 50: akilala, eneo la kupiga lina kipenyo cha milimita 45, akisimama, milimita 115. Katika mbio fupi, kila anayoikosa humgharimu mzunguko wa mita 150.

Kasi haitoki kwenye kidole. Inatoka kwenye kuondoa vitendo visivyo na kazi kabla kidole hakijagusa triga.

Hatua ya 1: Bunduki tupu. Toa magazini, vuta bolti (kifungio cha nyuma ya mtutu), angalia chemba (tundu linalokaa risasi) kwa macho, kisha ipapase kwa kidole. Risasi zibaki chumba kingine, na mtutu uelekee mahali panapoweza kuzuia risasi. Rudia ukaguzi kila unapoishika upya, hata kama uliiweka chini sasa hivi. Kwa bunduki ya .22 weka risasi bandia, maana kwa nyingi pini ikipiga chemba tupu hugonga ukingo wake na kuuharibu.

Hatua ya 2: Kupandisha begani. Hapa ndipo muda mwingi hupotea, kwa hiyo kaa hapa siku nyingi. Anza mtutu ukiwa chini, kidole nje ya triga. Macho yasiachie shabaha. Bunduki ndiyo ije usoni, wala kichwa kisiinamishwe kuitafuta. Kitako kitue begani na shavu litue juu yake kwa pamoja.

Jipime hivi: fumba macho, pandisha, tulia, fumbua. Ukiona kivuli cheusi upande mmoja wa darubini, shavu halikukaa mahali pake, au urefu wa kitako haukufai. Alama ya kulengea ndani ya darubini ikiwa kulia kwa shabaha, usiivute kwa mikono. Sogeza miguu. Ukiivuta kwa misuli, itarudi ilikotoka misuli ikilegea.

Hatua ya 3: Triga. Ulegevu wa mwanzo wa triga uishe wakati alama inaingia kwenye shabaha. Ukiwa umesimama alama haitasimama kabisa. Ikubali ikicheza ndani ya shabaha, huku ukibana taratibu. Anayevizia ikae katikati kabisa huishia kuikwapua triga. Ukifika kupiga risasi halisi, baada ya mlio shikilia triga nyuma na useme risasi imekwenda wapi kabla ya kuangalia karatasi.

Hatua ya 4: Saa. Anza bila saa. Vitendo vikiwa safi, weka kipima muda chenye milio miwili na ufyatue kavu, yaani bila risasi, kabla ya mlio wa pili. Punguza robo sekunde kila unapozoea. Ukianza kuparaza, rudi nyuma.

Hatua ya 5: Risasi moja. Uwanjani piga moja tu, fungua bolti, weka bunduki chini, subiri mtutu upoe. Tenga karatasi ya risasi za kwanza peke yake na uitumie kila ukienda. Karatasi hiyo haibembelezi mtu.

Maswali ya wanachama

*Mwalimu, nikipandisha siioni shabaha kwenye darubini.*
Umeikuza mno. Kama ni ya kukuza mara 3 hadi 9, iache kwenye 3, na macho yote mawili yawe wazi.

*Pumzi nizuie?*
Ukiwa na muda, fyatua pumzi ikiishia kutoka, kabla hujavuta nyingine. Ukiwa na haraka, usiifikirie.

*Mkuu, ya kwanza huangukia pembeni, zinazofuata zinakaa pamoja. Nirekebishe darubini?*
Subiri kwanza. Ulisafisha mtutu ukabakiza mafuta? Pitisha kitambaa kikavu kabla ya kupiga, ujaribu siku nyingine. Ikiendelea kuangukia palepale na bunduki ni ya kuwindia, rekebisha kwa kufuata hiyo ya kwanza.

*Mbona kwa mita 10 napiga chini, na mita 100 niko sawa?*
Darubini iko sentimita kadhaa juu ya mtutu, na karibu hivyo risasi haijapanda kuufikia mstari wa jicho. Lenga juu kidogo kwa kiasi hichohicho.