Kukuza kiti cha mkuyu hai

Hapa Tabora mafundi wengi huanza kazi mninga ukishakatwa. Mimi naunda mti ungali unakunywa maji, na kwa kazi hii nachagua mkuyu: matawi yake mabichi hupindika na yakibanana huungana. Mninga usihangaike nao, unachelewa mno.

Mvua zikianza Novemba, chomeka ardhini vipande vinne vya matawi ya mkuyu, kila kimoja kitakuwa mguu wa kiti. Vikichipua na kufikia unene wa kidole gumba, vipindishe kidogo kidogo, wiki hadi wiki, ukivifunga kwenye fremu ya fito. Ukisikia tawi linatatarika, acha hapo hapo.

Kuunga ndiyo roho ya kazi yenyewe. Matawi mawili yanapokutana, kwangua gome la kila moja kwa kisu kikali, upite kijani mpaka ukute weupe unaoteleza. Futa utomvu kwa kitambaa safi, bananisha vidonda hivyo pasibaki upenyo, kisha kaza kwa ukanda wa tyubu ya baiskeli. Tyubu hutanuka mti ukinenepa. Waya huzama kwenye gome na kuunyonga. Waya naukataza kabisa!

Kwa njia hiyohiyo ya kuunga, Axel Erlandson wa California aliunganisha miti sita ikawa kikapu kimoja, na mwaka 1947 akawafungulia watu bustani yake.

Kiangazi mwagilia jioni, zungushia miiba mbuzi wasiguse. Kiti usikikalie mpaka uviminye viungo vyote na kimoja kisicheze.