SOMO: Bruins wako chaneli gani leo? Someni hapa kabla ya kunipigia

Wakuu, kila Oktoba simu yangu inageuka dawati la huduma kwa wateja. Mliofika Massachusetts juzijuzi na kupata kazi kwenye nyumba za wazee mnaijua hali. Unaingia shifti ya jioni, bibi wa chumba cha pembeni anakwambia "weka Bruins", nawe hujui Bruins ni mdudu gani. Unabonyeza rimoti mpaka kidole kinauma, bibi anapandisha sauti, halafu unanipigia mimi. Jana mmenipigia watatu. Naandika mara moja, na atakayeuliza tena nitamrudisha hapa.

Ninayoizungumzia ni hoki ya barafu, ligi ya NHL: timu 32, ambazo 25 ni za Marekani na 7 za Kanada. Mfano wangu ni Lowell na miji ya jirani kwa sababu ndiko niliko. Ukiwa Buffalo au Denver njia ni hiihii, majina ya chaneli tu ndiyo yanabadilika.

Hatua ya 1. Jua timu ya eneo lako. Huku ni Boston Bruins.

Hatua ya 2. Fungua ratiba kwenye programu ya NHL. Kando ya kila mechi wameandika chaneli. Nusu ya maswali yenu yamekwisha hapo.

Hatua ya 3. Tazama hiyo chaneli iliyoandikwa ni ya mkoa au ya taifa. Chaneli ya mkoa hapa kwetu ni NESN, inayohudumia New England (majimbo ya huku kaskazini-mashariki), na ndiyo inayorusha mechi nyingi za Bruins kati ya 82 za msimu (kuanzia 2026-27 zinakuwa 84). Nyingine zimechukuliwa na ESPN, ABC na TNT, waliopewa haki za taifa kuanzia msimu wa 2021-22. Kabla yao alikuwa NBC, ndiyo maana wazee wengine bado wanakutuma huko. ABC ni ya Jumamosi, TNT mara nyingi Jumatano. Mechi ikishachukuliwa na taifa peke yake, NESN inaweka mambo mengine kabisa. Boksi la kebo halijaharibika, msiligonge.

Hatua ya 4. Hakikisha kifurushi chako kina hizo chaneli. Ukipiga simu usiulize "mna hoki?" Watakujibu ndiyo, maana hata chaneli inayosoma matokeo tu kwao ni hoki. Taja majina: NESN, ESPN, TNT. Siku hizi kampuni nyingi za kebo zimehamishia chaneli za michezo za mkoa kwenye vifurushi vya juu, kwa hiyo ulichokuwa unakiona mwaka juzi kwa kifurushi cha chini huenda hakipo tena. Na ukiona kwenye bili mstari wa ada ya michezo ya mkoa, uliza unalipia chaneli ipi hasa.

Hatua ya 5. KIFURUSHI CHA MECHI ZA NJE (za timu zisizo za eneo lako). Hapa ndipo nilipoungua, someni taratibu.

Msimu wangu wa pili hapa niliona kwenye skrini tangazo la NHL Center Ice, ndicho kifurushi chenyewe, timu kibao, mechi kila usiku. Nikajisemea, kama timu zote zimo basi na Bruins wamo, NESN ya nini? Nikalipia msimu mzima kwa mkupuo. Jumamosi nikaita watu, mke wangu akapika pilau, watoto wamevaa jezi za njano na nyeusi. Saa moja kamili usiku skrini ikawa nyeusi, na maandishi kwamba mechi hii haipatikani katika eneo lako. Nikazima boksi, nikawasha. Nikachomoa waya zote nikazirudisha. Nikakaa kwenye simu dakika arobaini nikisikiliza kinanda, na dada aliyepokea akaniuliza swali moja tu: "Unaishi wapi?" Nikamwambia Lowell. Akanyamaza kidogo, nadhani alikuwa ananionea huruma.

Kifurushi kile kimetengenezwa kwa mtu anayeishi MBALI na timu yake. Shabiki wa Bruins aliyehamia Arizona ndiye mteja wake. Wewe unayekaa karibu na timu unafungiwa kwa makusudi, kwa sababu chaneli ya mkoa imelipia haki ya eneo hilo na haitaki upite mlango wa nyuma. Boksi linajua uliko kwa anwani ya huduma na zipu kodi (namba ya posta), hata ulie namna gani. Kwa hiyo:

- Usikinunue kwa ajili ya timu ya nyumbani. Haitaonekana hata siku moja.
- Mechi za taifa nazo hazimo humo. Zitafute ESPN, ABC au TNT.
- Mwanzo wa msimu huwa kuna siku za kuonja bure. Tumia hizo kujaribu, ndipo ulipe.
- Soma kama kinajilipia chenyewe msimu unaofuata. Changu kilijilipia. Ndiyo, nilifungiwa miaka miwili.

Hatua ya 6. Usikariri namba ya chaneli, zinatofautiana mji na mji. Bonyeza maikrofoni ya rimoti useme "Bruins". Ikigoma kuelewa lafudhi yako (yangu iliniletea katuni za dubu), andika kwa herufi. Ukishaipata, iweke kwenye chaneli pendwa, na uandike namba kwenye plasta ubandike nyuma ya rimoti kwa ajili ya mwenzako wa shifti inayofuata.

Hatua ya 7. Ukirekodi, ongeza muda. Mechi ni vipindi vitatu vya dakika 20 na mapumziko mawili, kwa kawaida saa mbili na nusu hivi. Ikiwa sare kuna dakika 5 za nyongeza, watatu kwa watatu, kisha mikwaju ya penalti. Ongeza saa nzima. Kwenye mtoano ongeza tatu, maana huko hakuna penalti: wanacheza dakika 20 nyingine, na nyingine, mpaka goli lipatikane.

Maswali chini.

---

Kipepeo_Lynn: Asante mkuu. Sasa leo wako chaneli gani?

Mwandishi: Hatua ya 2.

Kipepeo_Lynn: Nimeuliza tu jamani.

Mwandishi: Na mimi nimejibu tu.

Mgeni_Wa_Worcester: Boksi langu bovu. Imeandikwa mechi 7:00, nimekaa tangu saa saba mchana naona watu wanapika.

Mwandishi: Ndugu yangu, 7:00 PM ya huku ni saa moja usiku. Saa zao zinahesabiwa toka usiku wa manane na toka adhuhuri, siyo toka alfajiri na magharibi. Pole kwa mchana wako. Natumaini umeondoka na pishi moja.

Mjanja254: Somo refu hivi la nini? Kuna viungo vya bure mtandaoni, mtu anaona kila mechi bila kulipa senti.

Mwandishi: Viungo vya wizi usivilete hapa. Mtu akibonyeza kwenye kompyuta ya kazini ikaingia virusi, kibarua kinaota nyasi, na wewe hutamlipia kodi ya nyumba.

Mjanja254: Sikusema kompyuta ya kazini.

Mwandishi: Wanaosoma hapa wengi wako kazini.

MamaGrâce_Portland: Aksanti sana kaka. Sisi tuko huku Portland, Maine, watoto wangu wanapenda sana ile mchezo. Niko na swali: mwezi wa ine nilifungua NESN nikakuta baseball, lakini kwa ratiba iliandikwa Bruins wako NESN. Njo nini ile?

Mwandishi: Dada Grâce, hili ndilo swali zuri kuliko yote leo. NESN ina timu mbili kubwa, Bruins na Red Sox wa besiboli. Misimu yao inagongana Aprili, mechi za maandalizi za Bruins nazo zinagongana na besiboli mwishoni mwa Septemba. Zikigongana, moja inapelekwa NESN+, ambayo ni chaneli ya pembeni, na kwenye boksi inaweza kuwa mbali kabisa na NESN yenyewe. Itafute leo kabla hujaihitaji, uandike namba yake. Na Maine yote iko ndani ya eneo la NESN, kwa hiyo Hatua ya 5 inakuhusu kama inavyonihusu mimi. Jambo jingine: mna programu ya NESN 360. Ukiingia kwa akaunti ya kebo, watoto wanaona kwenye simu na wewe unabaki na televisheni yako.

MamaGrâce_Portland: Eeh! Nitabaki na televizyo yangu kweli. Mungu akubariki.

Stamford_Boy: Mzee, niko Stamford, Connecticut. Si ni New England hii? Mbona kwangu NESN hakuna mechi?

Mwandishi: Kwenye ramani ni New England, kwenye hoki ni New York. Kaunti yenu ya Fairfield imewekwa upande wa timu za huko, Rangers, Islanders na Devils, na hao utawapata kwenye chaneli za MSG. Wewe ndiye mtu niliyemsema hapo juu: ukitaka Bruins, kifurushi cha mechi za nje kinakufaa. Kile kilichonitia hasara mimi kinakufaa wewe, na hata maili mia mbili hazifiki kutoka hapa.

Dada_Neema: Kaka, mwaka jana mzee wangu alinigombeza kila siku mwezi wa Mei. NESN haikuonyesha mtoano, na bili nilikuwa nimelipa.

Mwandishi: Neema, raundi ya kwanza ya mtoano NESN inaruhusiwa kurusha, isipokuwa zile za ABC. Kuanzia raundi ya pili kila kitu ni cha taifa, na chaneli za mkoa zote nchini zinakaa pembeni. Mwambie mapema mwezi wa Aprili, asije akakuona wewe ndiye uliyeficha. Fainali inapokezana: ABC walikuwa nayo 2022 na 2024, TNT 2023 na 2025. ABC inapatikana hata kwa antena ya dirishani, bila kebo.

Na msiwacheke hawa wazee. Mwaka 2023 Bruins walimaliza msimu na ushindi 65 na pointi 135, rekodi ya NHL, halafu wakatolewa raundi ya kwanza na Florida Panthers, mechi ya saba, kwenye muda wa nyongeza. Mzee niliyekuwa namhudumia hakuongea na mtu siku mbili. Siku ya tatu akaomba uji.

Kipepeo_Lynn: Nimeipata! NESN. Ila wanawake ndio wanacheza, ni sawa?

Mwandishi: Kumbe ukitafuta unapata. Hao ni Boston Fleet, ligi ya wanawake ya PWHL iliyoanza Januari 2024. Usibadilishe, angalia. Nyumbani kwao ni hapahapa Lowell, ukumbi wa Tsongas Center. Fainali ya kwanza ya ligi hiyo iliishia humo, Mei 2024, Minnesota wakachukua kombe mbele ya macho yetu. Ukumbi huohuo ndio wa timu ya chuo, UMass Lowell. Mkienda vaeni koti, hata kama nje kuna jua.

Burundais_Ottawa: Na sisi wa Kanada umetusahau.

Mwandishi: Sijawasahau, ninyi mna raha zaidi. Jumamosi usiku kuna Hockey Night in Canada kwenye CBC, na CBC mnaipata kwa antena. Senators wa hapo kwenu mechi zao za mkoa ziko TSN5 kwa Kiingereza na RDS kwa Kifaransa. Sheria ya kufungiwa ipo kwenu vilevile: mechi za mkoa za timu ya mbali hazifunguki bila kuongeza pesa.

Nairobi_Baridi: Wakubwa, msidhani hoki ya barafu ni ya huko tu. Sisi tuna timu ya Ice Lions, wamekuwa wakifanya mazoezi kwenye uwanja wa barafu wa hoteli ya Panari. Kenya iliingia shirikisho la dunia 2024.

Mwandishi: Hao nawajua! Mwaka 2018 walipelekwa Kanada na Tim Hortons, wale wa migahawa ya kahawa, wakachezeshwa pamoja na nyota wa NHL Sidney Crosby na Nathan MacKinnon. Niliwaonyesha wazee wangu ile video, mmoja akaniuliza kama na mimi nilichezea timu hiyo. Nilikaa kimya kidogo kabla ya kukataa.

Nairobi_Baridi: 😂 Huku mechi za Boston ni saa ngapi?

Mwandishi: Ya saa moja usiku hapa, kwenu ni saa nane usiku mwanzo wa msimu. Sisi tukirudisha saa nyuma mwezi wa Novemba, inakuwa saa tisa.

Shifti_Ya_Usiku: Mkuu, mzee wa kwangu macho yameisha. Anataka Bruins lakini televisheni haimsaidii, mtangazaji anaacha kusimulia akijua watu wanaona.

Mwandishi: Achana na kebo kabisa. Muwekee redio, 98.5 FM, mechi za Bruins ziko huko. Mtangazaji wa redio anasimulia kila pasi, na nani kambamiza nani ukutani. Ila kama yuko chumba kimoja na mwenzake anayeangalia televisheni, mpe visikilizi. Redio inatangulia sekunde kadhaa, huyu atashangilia goli ambalo mwenzake hajaliona, na ugomvi wake utauamua wewe.