Namna ya Kurekodi Taswira ya Mtu Mmoja Bila Maneno

Kati ya mwaka 1964 na 1966, msanii wa Marekani Andy Warhol aliwakalisha watu zaidi ya 180, mmoja mmoja, mbele ya kamera ya milimita 16 isiyonasa sauti, akarekodi hadi mkanda wa futi 100 ulipokwisha, yaani chini kidogo ya dakika 3. Fremu, yaani picha moja moja za mkanda, zilinaswa 24 kwa sekunde lakini zikaonyeshwa 16, mwendo ukapungua, kwa hiyo hata kupepesa kope kukawa tukio la kutazamwa. Hapa Moshi unaweza kulifanya jaribio hilo kwa simu.

Tuseme umemchagua mzee fundi cherehani wa barazani karibu na soko la Mbuyuni. Baada ya shikamoo, mweleze kwamba hutamuuliza swali lolote, kwamba anaweza kuinuka wakati wowote, na mkubaliane video itaonyeshwa wapi. Mketishe kivulini akiielekea barabara, kwa sababu jua la mchana huku kwetu huchoma kutoka utosini na kuyatia macho giza, ilhali chini ya paa la baraza mwanga huingia kwa ubavu, tena kwa upole. Nyuma yake uwe ukuta mtupu. Kilimanjaro usiitafute, maana mlima ule humnyang'anya mtu uso wake.

Simamisha simu kwenye stendi usawa wa macho yake, iweke kwenye hali ya ndege (airplane mode) ili isipigwe katikati, kisha bonyeza na kushikilia kidole usoni pake kwenye kioo mpaka mwanga na fokasi (ukali wa picha) vijifunge. Rekodi dakika 2 na sekunde 45.

Sasa usiseme neno, wala usimkazie macho, kwani kutazamwa humfanya mtu ajibu. Dakika ya kwanza atakupa sura ya studio: mgongo umenyooka, midomo imebanwa. Usikate. Sura ile huchosha kuishikilia, na ikishamchosha mabega hushuka, macho huanza kuwafuata wapita njia, mkono huitafuta futi iliyoning'inia shingoni. Hapo ndipo taswira inapoanza, nami naamini anayekatiza mapema amerekodi adabu tu.

Katika kuhariri, ondoa sauti na upunguze kasi hadi theluthi mbili, ili video ifike dakika 4 na ushei, usiongeze muziki. Mwonyeshe yeye kwanza, palepale kwenye cherehani yake, na akikataa isionyeshwe, ifute akiwa anaona.