Filamu ibaki yako: ushauri kwa mtengeneza filamu za makala wa kujitegemea

Vijana wakiniuliza waanzie wapi, wanatarajia nitaje kamera. Mimi nawaanzisha na karatasi.

Ukishampata mhusika wako mkuu, kaa naye umweleze filamu inahusu nini na itaonyeshwa wapi. Mwambie wazi kwamba ikishaingia intaneti hakuna wa kuirudisha. Ndipo asaini fomu ya ridhaa, kwa lugha anayoielewa; kama hasomi, msomee na umrekodi akikubali kwa sauti yake. Makala huchukua miaka, na katika miaka hiyo watu huachana, hugombana, hubadili msimamo. Kituo cha televisheni kitakachotaka filamu yako kitadai fomu hizo zote, na vibali vya muziki pia. Wimbo mmoja una haki mbili, ya utunzi na ya rekodi yenyewe, na unahitaji zote. Hata redio inayosikika nyuma ya mazungumzo inahesabika. Omba izimwe.

Fedha usizingoje mwishoni. Rekodi kidogo, kata kionjo cha dakika 3 hadi 5, andika muhtasari mfupi na bajeti yenye ujira wako ndani yake. Mfuko wa IDFA Bertha, ulio chini ya IDFA, tamasha la filamu za makala la Amsterdam, husaidia watengenezaji wa Afrika, Asia na Amerika ya Kusini. Kituo kikikupa mkataba, tazama kwanza nchi na muda. Kukipa haki ya kurusha kwa miaka 3 katika nchi moja si sawa na kukiuzia filamu. Picha ghafi zibaki zako, nakala tatu, moja ikae jengo jingine. Na usiiweke filamu nzima mtandaoni mapema, kwani matamasha mengi hutaka onyesho la kwanza.

Kwenye mahojiano, hangaikia sauti kuliko picha. Friji na feni vizimwe, maikrofoni iwe karibu na kifua. Mwombe mhusika ajibu kwa sentensi kamili: badala ya "mwaka 1998", aseme "nilihamia hapa mwaka 1998", maana swali lako litakatwa. Akimaliza kujibu, nyamaza. Usikimbilie swali linalofuata. Mara nyingi lile alilokuwa analizungukia hulisema hapo, katika kimya hicho. Mwisho, kabla hamjasimama, rekodi ukimya wa chumba dakika moja. Mhariri atauhitaji kila anapokata neno.

Filamu ikikaribia kukamilika, mwonyeshe mhusika kabla ya hadhira yoyote. Uamuzi wa uhariri ni wako, lakini yeye ndiye anayejua ni jina gani la mtoto, au ugonjwa gani uliotajwa kwa kupita, utakaomletea matatizo nyumbani. Sikiliza, na acha nafasi katika ratiba ya kurekebisha.