Mbaberi bustanini Nyanda za Juu Kusini: mahali pa kuupanda, mbegu na maji

Kabla hujachimba shimo la mbaberi, kichaka cha miiba cha jamii ya Berberis, simama bustanini uangalie pande zote nne. Ukiona shamba la ngano au shayiri, liwe lako au la jirani, acha. Kama shida ni uzio, panda michongoma. Tunaanza na onyo hili kwa sababu wengi huvutiwa na maua kwanza, na habari ya ngano huijua baadaye, kichaka kikishafika kifuani.

Tatizo ni kutu ya shina, ugonjwa wa ngano na shayiri. Kuvu inayoileta, Puccinia graminis, hupitisha sehemu ya maisha yake kwenye ngano na sehemu nyingine kwenye mbaberi. Mjerumani Anton de Bary alilithibitisha hilo mwaka 1865, na mwaka 1918 Marekani ilianza kampeni ya kung'oa mibaberi katika majimbo yanayolima ngano. Huku kwetu kutu inaweza kuishi bila mbaberi, maana ngano ya maotea haikosekani mashambani. Hatari iko kwingine. Kwenye jani la mbaberi ndipo kuvu hiyo huzaliana kwa kuchanganya vinasaba, na mchanganyiko huo unaweza kutoa aina mpya inayoishinda mbegu ya ngano iliyokuwa ikistahimili. Anayekumbuka Ug99, kutu iliyobainika Uganda mwaka 1998, haulizi kwa nini hatutaki ua wa mbaberi kando ya mashamba ya ngano ya Makete. Mibaberi iliyoota yenyewe msituni ni habari nyingine, ila usiisogeze shambani.

Kama mtaa wako hauna ngano, kwa mfano uko mjini Mbeya, Iringa au Tukuyu kwenye chai na migomba, endelea.

Mbaberi upi

Wetu wa asili ni Berberis holstii, unaoota wenyewe kwenye kingo za misitu ya milimani. Ni kichaka cha miiba mitatu mitatu, hufika mita 3 hivi, hubaki na majani mwaka mzima, hutoa vishada vya maua ya manjano na baadaye matunda madogo ya buluu iliyokoza yenye vumbi jeupe kama la zabibu. Wa kigeni unaosifiwa sana kwenye vitabu vya bustani ni Berberis darwinii wa Chile na Ajentina, ambao Charles Darwin aliukusanya mwaka 1835. Maua yake ni ya rangi ya chungwa, na kweli ni mazuri. Lakini New Zealand umekuwa gugu: ndege hula matunda na kusambaza mbegu hadi msituni. Kwa hali ya hewa ya Uporoto na Njombe, inayofanana na huko, hatuoni sababu ya kujaribu bahati. Na ukiagiza mbegu au miche ya nje, pata kwanza kibali cha Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu, TPHPA.

Chukua basi wa hapa, lakini usiung'oe porini. Hifadhi ya Taifa Kitulo na misitu ya hifadhi hairuhusiwi kuchimbwa miche. Hata pale ambapo hakuna katazo, mbaberi mkubwa ukichimbwa hukatika mzizi mkuu na mara nyingi hukauka. Omba matunda au tawi kwa mwenye mti bustanini.

Ua lake lina jambo la kuwaonyesha watoto. Chukua ncha ya unyasi, gusa taratibu sehemu ya ndani ya ua karibu na kitako. Nyuzi za chavua huruka na kujipiga katikati. Nyuki akiingia kufuata asali hupigwa vivyo hivyo, akaondoka na chavua kichwani. Mwenye mizinga atapenda kichaka hiki.

Mbegu, tawi na uvumilivu

Vuna matunda yaliyokwisha kubadilika rangi yote. Yaponde ndani ya maji, sugua mbegu kwenye chekecheke hadi nyama yote itoke, maana nyama hiyo huzuia mbegu kuota. Zikaushe kivulini siku moja tu. Changanya na mchanga wenye unyevu (ukiukamua mkononi usidondoshe maji), tia kwenye mfuko, weka sehemu ya chini ya friji isiyogandisha kwa wiki 6. Anayeishi penye baridi kali anaweza kusia Mei mwishoni, nje, akaiachia kipupwe kazi ya friji.

Sia kwa kina cha nusu sentimita. Mchanganyiko wa kitalu: ndoo 3 za udongo wa juu, 1 ya samadi iliyooza vizuri, 2 za mchanga wa mtoni. Rungwe, vijiwe vyepesi vya volkano vilivyochekechwa vinashika nafasi ya mchanga vizuri kabisa. Mbegu hazioti pamoja; nyingine hutoka baada ya wiki chache, nyingine huchelewa miezi. Trei usiimwage mpaka msimu mzima wa mvua upite. Miche ikiwa na majani manne ya kweli, ihamishie kwenye viriba. Itakaa humo mwaka mmoja, na itafika sentimita 20 hadi 30 tu. Usiikimbize kwa urea.

Kwa anayetaka miche michache, njia ya uhakika ni kulaza tawi. Chagua tawi la chini linalopinda, lichane kidogo upande wa chini, lifukie kwa kina cha sentimita 10 na kulibana kwa kigingi, ncha ikiachwa juu. Baada ya miezi 9 hadi 12 huwa na mizizi yake. Vipandikizi vya sentimita 12 vilivyokomaa nusu navyo hushika, chini ya nailoni na kivulini, lakini kwa miezi miwili au mitatu utadhani vimekufa, na baadhi huwa vimekufa kweli.

Kwenye kuvikagua watu hukosea. Kwa mti mwingine unakwaruza ganda kwa ukucha, ukiona rangi unaridhika. Mbaberi una mti wa manjano hata ukikauka. Tafuta utando mwembamba wa kijani kati ya ganda na ule umanjano. Pasipo kijani, tupa.

Kupanda

Subiri mvua zilowanishe ardhi kina cha futi moja. Mbeya na Njombe ni kawaida mwishoni mwa Novemba au Desemba. Iringa, ambako mvua ni chache, usipite Januari kwa sababu mche unahitaji miezi yote iliyobaki kushusha mizizi.

Shimo ni sentimita 45 kila upande. Tenga udongo wa juu na wa chini. Siku moja kabla ya kupanda lijaze maji, yakinywea jaza tena. Asubuhi ukikuta maji bado yamesimama, hapo usipande ndani ya shimo: rudishia udongo na upandishe tuta la sentimita 20 hadi 30, mche ukae juu yake. Udongo mwekundu mzito mara nyingi hudai tuta, ule wa majivu ya volkano karibu kamwe.

Changanya udongo wa juu na nusu debe la samadi iliyooza. Kwenye ardhi chachu ya ukanda wa chai, Mufindi na Njombe, ongeza gramu 150 za chokaa ya kilimo kwa kila shimo, uichanganye wiki mbili kabla. Mche ukae kina kilekile ulichokuwa nacho kwenye kiriba. Kuufukia shina zaidi ili usimame imara ni kuualika uozo. Ua wa mita 10, kwa nafasi ya sentimita 50, unataka miche 21. Otesha 25, ya akiba isikosekane. Kichaka kimoja cha pambo kikae mita 1.5 au zaidi kutoka njiani na mahali wanapochezea watoto.

Maji ndiyo yanayoua mingi

Baada ya kupanda mwagia lita 10 na uweke matandazo ya unene wa sentimita 5, yakiacha duara la upana wa kiganja kuzunguka shina. Mwaka wa kwanza, kuanzia Juni hadi mvua zirudi, lita 7 hivi kwa wiki zinatosha. Septemba na Oktoba pale Iringa gawa mara mbili kwa wiki. Chomeka kidole cha shahada hadi kiungo cha pili: kikitoka na udongo uliong'ang'ania, leo usimwagilie.

Mche unaozama huonekana kama mche wenye kiu. Majani ya chini yanageuka manjano, ncha zinanyauka, mwenye bustani analeta ndoo nyingine, na baada ya wiki mbili mambo yamekwisha. Fukua kidogo pembeni ufike kwenye mzizi. Mzizi mzima wa mbaberi ni wa manjano angavu na mgumu. Uliooza ni wa kahawia, ganda lake linavuka ukilivuta. Ukiukuta umeanza, acha maji, ondoa matandazo, chimba mfereji wa kutoa maji. Mbolea haitausaidia.

Kuanzia mwaka wa tatu, kiangazi cha kawaida mbaberi hujimudu.

Mbolea, baridi na mkasi

Nusu debe la samadi kila mwanzo wa mvua linatosha. Naitrojeni nyingi hutoa machipukizi laini yanayojaa vidukari, na maua hupungua. Baada ya Machi usiweke kitu: chipukizi la Mei ndilo linalounguzwa na sakitu, yaani umande unaoganda, ya Juni na Julai huko Makete na Njombe. Yakiungua, yaache yalivyo hadi baridi ipite, yanayakinga yaliyo chini.

Maua hutoka kwenye matawi ya msimu uliopita, kwa hiyo pogoa mara tu maua yanapokwisha. Anayepogoa wakati wowote atakaopata nafasi hukata maua ya mwakani, kisha hulaumu aina ya mti. Andika tarehe kichaka chako kinapochanua. Ua uwe mpana chini kuliko juu, la sivyo chini hubaki vijiti. Kichaka kizee usikishushe chote. Kata shinani theluthi ya matawi makongwe kila mwaka, kwa miaka mitatu. Ukitaka mbegu, acha kimoja bila kupogoa.

Vaa glavu za ngozi. Mwiba hukatikia ndani ya nyama na kuvimba. Matawi yaliyokatwa yakusanye siku hiyohiyo uyachome, usiyatie kwenye mboji. Yakibaki njiani, wa boda atakukumbuka. Na usidhani miiba inamzuia mbuzi. Machipukizi mapya hayajawa na miiba migumu, na yeye anayajua.

Watakuja watu kuomba mizizi ya dawa. Ina baberini, kitu kikali chenye uchungu, na mjamzito hapaswi kuinywa, wala mtoto mchanga kupewa. Kichaka kilichochimbwa mizizi pia hakidumu.

Kila mwezi wa mvua geuza majani machache. Ukiona upande wa chini vijikombe vidogo vya rangi ya chungwa vilivyosongamana, na juu yake doa lenye wekundu au manjano, huenda ni ile kutu: chuma majani yote yenye dalili, yafunge kwenye bahasha ya karatasi siyo nailoni, andika mahali na tarehe, umpelekee afisa ugani au kituo cha utafiti wa kilimo cha TARI Uyole.