Kuku na viazi vya oveni kwa staili ya Kigiriki

Wadau wa jikoni, kama mmechoka na kuku wa kukaanga jaribuni hii ya Wagiriki, haina mambo mengi kabisa. Viazi mviringo, vile vya Lushoto vinavyojaa sokoni hapa Tanga, kata vipande virefu vinene, panga kwenye trei, kuku wa kisasa juu yake ngozi ikiangalia juu, halafu mafuta ya zeituni (bei yake mnaijua, ya alizeti nayo poa tu), kitunguu swaumu cha kutwanga, chumvi, pilipili manga, oregano (majani makavu ya kiungo yenye harufu) na limau moja. Sasa kikombe cha supu au maji mimina pembeni, sio juu ya kuku, ngozi ikilowa haikauki tena. Oveni nyuzi 200, kama saa na robo hivi, katikati geuza viazi. Ukidunga paja kwa kisu maji yatoke safi, bila wekundu. Limau usizidishe mapema maana ule ukali unachelewesha viazi kulainika, la pili kamulia mwishoni. Huna oveni? Sufuria nzito, makaa machache chini, mengi juu ya mfuniko kama unaoka keki. Ila kuku wa kienyeji mchemshe kwanza, la sivyo viazi vitaiva yeye bado anakuangalia tu.