Gemu za akedi zilizoondolewa dukani: namna ya kuzihifadhi kwenye Xbox 360

Duka la mtandaoni la Xbox 360, konsoli ya michezo ya Microsoft, lilifungwa tarehe 29 Julai 2024. Huwezi tena kununua kitu humo, ila ulichokwisha kununua bado kinapakulika, hata gemu za akedi (gemu ndogo za kupakua mtandaoni) zilizoondolewa miaka mingi kabla, kama OutRun Online Arcade yenye magari ya Ferrari. Kazi hii ifanye sasa, seva zingali zinaitika.

Kwanza elewa jambo linalowapoteza wengi: faili la gemu na leseni yake ni vitu viwili. Leseni hukaa mahali pawili, kwenye akaunti iliyonunua na kwenye konsoli iliyopakua mara ya kwanza. Niliwahi kunakili gemu zangu zote kwenye flashi, nikaichomeka kwenye konsoli nyingine isiyo na intaneti, na kila gemu ikafunguka kama toleo la majaribio. Faili zilikuwa nzima. Kilichokosekana ni ruhusa. Iliniuma sana.

Hatua ya 1. Chagua konsoli utakayobaki nayo. Ikiwa siyo ile uliyonunulia, hamisha leseni kupitia menyu ya akaunti. Uhamisho huruhusiwa mara moja tu kila baada ya miezi minne, kwa hiyo usiupoteze kwa konsoli inayochemka au kuzimika ovyo.

Hatua ya 2. Fungua historia ya upakuaji, upakue kila kitu upya. Kama umehamisha leseni, usiruke hata gemu moja, maana leseni haishiki kwenye konsoli mpya mpaka upakue tena. Pakua na nyongeza zake. Hizo ndizo husahaulika. Kisha fungua kila gemu mara moja ukiwa mtandaoni ili masasisho yaingie.

Hatua ya 3. Hii ndiyo ninayoithamini kuliko zote. Chomoa waya wa mtandao au zima Wi-Fi. Tengeneza wasifu mpya wa humo humo kwenye konsoli, usiohusiana na akaunti yako, kisha ufungue gemu kwa wasifu huo. Ikifunguka kamili, leseni imo ndani ya konsoli. Ikikuomba ununue, rudi hatua ya 2. Jaribu gemu moja moja hadi ya mwisho, hata kama ni hamsini.

Hatua ya 4. Nakili kwenye flashi au diski ya USB. Iache konsoli iifomati yenyewe. Ukiichomeka kwenye kompyuta ikakuomba kuifomati, kataa. Tengeneza nakala mbili, na usisahau faili za maendeleo ya mchezo.

Tahadhari moja: usifute kashe ya mfumo (hifadhi ya muda ya konsoli) kwenye konsoli hiyo. Kufanya hivyo hufuta masasisho ya gemu, na siku seva zikinyamaza hutayapata tena.

Mwisho, andika kwenye karatasi jina la kila gemu, akaunti iliyoinunua na tarehe uliyoijaribu bila mtandao, kisha uibandike chini ya konsoli.